Waliokufa Maji Vitshumbi

Pale mto Semliki unapolitoka Ziwa Edward na kushika njia ya kaskazini, pana mahali paitwapo Ishango, na katika mwaka wa 1950 mtaalamu wa miamba kutoka Ubelgiji, Jean de Heinzelin de Braucourt, alipokuwa akichimbua mabaki ya makazi ya wavuvi wa kale waliokaa ukingoni hapo yapata miaka 20,000 iliyopita, aliokota, baina ya vyusa vya mfupa na miba ya samaki, kipande kimoja cha mfupa chenye urefu wa sentimita 10 hivi, kilichopachikwa kijiwe kikali nchani, na ubavuni mwake kimechanjwa mistari mifupi iliyopangwa mafungu mafungu katika safu tatu. Safu mbili, ukizijumlisha chanjo zake, kila moja hutimia 60. Ya tatu ina 48. Wataalamu wamebishana sana juu ya mfupa huo, wengine wakisema ni hesabu, wengine wakisema ni kalenda ya mwezi, na wengine wakishikilia kwamba mistari ile ilitiwa ili mkono usiteleze tu. Mimi, kwa kadiri ya akili yangu, nimo katika wale wanaoona kwamba mtu hapangi chanjo zake namna ile pasipo kuwa na jambo analolihesabu. Sasa mfupa huo umehifadhiwa Brussels, mbali na ziwa lake.

Nimeanzia huko kwa makusudi, kwa kuwa habari ninayotaka kuiandika ni habari ya hesabu, na hasa ya hesabu moja ambayo mwambao wa ziwa hilo haujaipata mpaka leo, nayo ni ya wavuvi waliokufa maji. Vitshumbi ni kijiji cha wavuvi katika upande wa kusini wa ziwa, wilayani Rutshuru, zaidi ya kilomita 100 kaskazini ya mji wa Goma, katika uwanda ambamo mito ya Rutshuru na Rwindi humwaga maji yake. Na mgeni afikapo bandarini alfajiri, akawakuta korongo wakubwa wenye upara wakitembea baina ya watu kama wenyeji wenzao, wakingoja matumbo ya samaki, atastaajabu kuona jinsi kila kitu mahali pale kilivyotiwa hesabuni. Mitumbwi ya halali ina idadi yake na namba zake. Nyavu zina kiasi, na matundu yake yana kipimo. Tilapia, kambare na kamongo hupita katika mizani. Viboko huhesabiwa kwa ndege na watu wa hifadhi, na kwa hesabu hizo twajua kwamba katika miaka ya 1970 walikuwa yapata 29,000 katika eneo lile, na kwamba ilipofika mwaka wa 2005 hawakubaki hata 1,000. Wagonjwa wa kipindupindu huandikwa zahanatini na jumla yao hupelekwa mbele kila juma. Asiyeandikwa ni mvuvi aliyetoka jioni na nyavu zake na kulipopambazuka asirejee.

Historia ya kijiji hiki yenyewe ni historia ya kuandikiwa. Stanley alilifikia ziwa katika mwaka wa 1889, katika safari yake ya kumtoa Emin Pasha, akalibandika jina la Albert Edward, mrithi wa ufalme wa Uingereza. Mwaka wa 1973 likageuzwa jina na kuitwa Idi Amin, na Amin alipoondoka madarakani mwaka wa 1979 likarudia jina la Edward. Na katika mageuzi yote hayo hakuna aliyemwuliza mvuvi yeye huliitaje. Tarehe 21 Aprili 1925 ikaasisiwa hifadhi iliyopewa jina la Mfalme Albert, ambayo tangu mwaka wa 1969 yaitwa Virunga, na mipaka yake ilipopanuliwa ikaukumba uwanda wote wa kusini pamoja na ufuko wa ziwa upande wa Kongo. Zama zile uwanda huo ulikuwa umekwisha kuingiwa na ugonjwa wa malale, na serikali ya kikoloni, kwa hofu ya mbung'o, ilikuwa imewahamisha watu kutoka sehemu nyingi za mwambao. Kwa hiyo mwenyeji aliondolewa ufukoni kwanza kwa amri ya waganga na kisha akazuiliwa kurudi kwa sheria ya wanyama. Ruhusa ya kuvua ilipotolewa, mwishoni mwa miaka ya 1940, ilikuja kwa mkono wa ushirika, yaani ushirika wa wavuvi wenyeji wa Ziwa Edward, uliojulikana kwa vifupisho vyake vya Kifaransa kama COPILE, na ambao baadaye ulirithiwa na ushirika wa COPEVI. Samaki wake walilisha vibarua wa mashamba makubwa na miji iliyokuwa ikikua huko Kivu. Vitshumbi, na pamoja nayo Kyavinyonge na Nyakakoma, zikawa ndizo bandari za uvuvi zilizohalalishwa ndani ya hifadhi, na kila kilichoingia humo kikawa na kibali.

Kwa hiyo Vitshumbi ilizaliwa na daftari mkononi. Lakini lilikuwa daftari la mali. Karani alitakiwa ajue mitumbwi mingapi imetoka na kilo ngapi zimeingia, kwa kuwa juu ya hayo palikuwa na ushuru na palikuwa na hofu ya kulimaliza ziwa. Mtumbwi ukipotea, kilichopungua daftarini kilikuwa ni mtumbwi.

Na mitumbwi hupotea. Ziwa Edward lina ukubwa wa kilomita za mraba 2,300 hivi, zaidi ya theluthi mbili zikiwa upande wa Kongo. Magharibi, chini ya ukuta wa milima ya Mitumba, kina chake hupita mita 110, ilhali kusini na mashariki maji ni ya kina kifupi, na mtu wa pwani yeyote ajuaye bahari atakwambia kwamba maji mafupi yakipigwa na upepo mkali hutoa mawimbi ya karibu karibu, yenye kusimama wima, ambayo chombo kidogo hakipati nafasi ya kuinuka juu ya moja kabla la pili halijaingia. Wavuvi hutoka jua likielekea kuchwa, hutega nyavu, hukesha au hulala kidogo chomboni, na huzivua nyavu kabla ya jua kupanda. Tufani za bonde la ufa huja usiku. Vyombo ni vya mbao, vingine vimechakaa na kuzibwa mara nyingi, vingine vina mashine ya nyuma ambayo ikizimika katikati ya mawimbi chombo huacha kutii. Jaketi za kuokolea, ambazo huko Kivu watu huziita jile, ni chache, na mvuvi maskini akiwa na fedha hununua kwanza wavu. Mbali na uvuvi, vyombo hivyo hivyo hupakia abiria na magunia kati ya bandari na bandari, kwa sababu barabara za uwanda zimekuwa kwa miaka mingi mikononi mwa watu wenye silaha. Tena yuko kiboko, ambaye hupindua mtumbwi kwa kuinua mgongo tu.

Sasa tulitazame neno. Sisi husema *ajali*, na siku hizi twalitumia kwa gari lililopinduka na ngazi iliyoteleza. Lakini katika Kiswahili cha wazee, kama katika Kiarabu lilikotoka, ajali ni muda aliowekewa mtu, saa yake iliyoandikwa kabla hajazaliwa, na aliyefikwa na ajali hakufikwa na kosa la mtu wala la chombo, amefikwa na ahadi yake. Nadhani maana zote mbili zingali hai katika neno hilo moja, na kwamba mwambao mzima wa maziwa yetu, kwa Waislamu na kwa Wakristo, hulitamka kwa maana ya kale hata pale wanapodhani wanalitamka kwa maana mpya. Huko Kivu husemwa "amekufwa mu mayi", na huku pwani twasema "amekufa maji". Lugha imemtengea marehemu wa namna hii jina lake peke yake, *mfa maji*, na methali yake ya kutapatapa, jambo ambalo haikumfanyia aliyekufa kwa moto wala aliyeanguka mnazi. Na katika hadithi mashuhuri ya Mtume, waliyoipokea Bukhari na Muslim, mashahidi wametajwa kuwa ni watano: aliyekufa kwa tauni, na aliyekufa kwa maradhi ya tumbo, na aliyekufa maji, na aliyeangukiwa na jengo, na aliyeuawa katika njia ya Mwenyezi Mungu. Kila niisomapo huona kwamba, pamoja na utukufu wake wa dini, ni uainishaji wa vifo, tena uainishaji uliomweka mgonjwa wa tumbo na mfa maji katika mstari mmoja, bega kwa bega, kama watu wawili wanaostahili kutajwa. Nitalirudia jambo hili, kwa kuwa Vitshumbi imewatenganisha wawili hao.

Uainishaji wa kidunia ulikuja kwa njia nyingine. Mjini London, katika karne ya 17, kila juma ilichapishwa orodha ya waliokufa na sababu za vifo vyao, na mwaka wa 1662 John Graunt, mfanyabiashara wa nguo, aliziokota orodha hizo za miaka mingi, akazifanyia hesabu na kuziandikia kitabu ambacho wenye elimu ya takwimu humwita kwacho baba yao. Sababu hizo hazikuandikwa na matabibu. Ziliandikwa kwa taarifa za wanawake wazee, maskini wa mitaa, waliolipwa senti chache waende katika kila nyumba yenye msiba, waitazame maiti, waulize, warudi waseme. Na katika orodha zao mfa maji alikuwamo, katika safu yake mwenyewe. Baada ya hapo alikuja William Farr, aliyeingia katika ofisi kuu ya usajili ya Uingereza mwaka wa 1839, akalalamika kwamba ugonjwa mmoja huitwa kwa majina matatu na jina moja hubeba magonjwa matatu, kwa hiyo hesabu haiwezi kulinganishwa. Na mwaka wa 1853, katika mkutano wa kwanza wa kimataifa wa takwimu, Mfaransa Achille Guillard akatoa shauri kwamba itungwe orodha moja ya sababu za vifo itakayofaa mataifa yote, kazi hiyo wakakabidhiwa Farr na Marc d'Espine wa Geneva. Mkutano huo ulifanyika Brussels, mji ule ule ambamo leo umelala mfupa wa Ishango.

Mjukuu wa Guillard, Jacques Bertillon, ndiye aliyeitimiza kazi, na orodha yake ilipokewa mwaka wa 1893 huko Chicago. Ilikubaliwa kwamba irudiwe na kusahihishwa kila baada ya miaka 10 hivi, na katika masahihisho ya pili, ya mwaka wa 1909, mfa maji aliyezama pasipo kukusudia alipewa namba 169, moja tu, awe ametumbukia kisimani au amepinduka na jahazi. Hapo palikuwa na upungufu. Mtu akifa kisimani, dawa yake ni mfuniko. Akifa na chombo, dawa ni chombo. Nao wote wakiingia namba moja, mwenye kutunga sheria hajui aanze wapi. Baada ya Shirika la Afya Duniani kuundwa, masahihisho ya sita ya mwaka wa 1948 yalipanua kitabu kikawa cha maradhi na majeraha pia, si cha vifo peke yake, na kikatenganisha mambo mawili katika kila dhara: lile lililoupata mwili, na lile lililolisababisha kutoka nje. Masahihisho ya tisa yakawa na namba E830 kwa waliozama kwa sababu chombo kimepatwa na dhara, E832 kwa waliozama kutoka chombo kisicho na dhara, na E910 kwa wengine wote wa majini. Masahihisho ya kumi, yaliyoidhinishwa mwaka wa 1990, na ambayo waganga wa Kongo huyajua kwa vifupisho vya Kifaransa kama CIM-10, yakamgawa mfa maji kwa makini zaidi kuliko yote yaliyotangulia.

Msomaji aniwie radhi nikae hapa kidogo, maana watu wengi hudhani misimbo hii ni kazi kavu ya makarani, ilhali kila msimbo ni swali aliloulizwa marehemu kwa heshima. Swali la kwanza: mwili ulipatwa na nini? Jibu ni T75.1, kuzama. Swali la pili, ambalo ndilo huhesabiwa kuwa sababu ya asili ya kifo: ilikuwaje ukafika majini? Ikiwa chombo kilipinduka, kilizama, kilivunjika au kilishika moto, ni V90. Ikiwa chombo kilibaki kizima na mtu akaanguka, au wimbi likamchukua kutoka sitahani, ni V92. Ikiwa hapakuwa na chombo, ni kati ya W65 na W74. Akiwa amejitupa, ni X71. Akiwa ametupwa na mwingine, ni X92. Na isipojulikana alikusudia au hakukusudia, ni Y21. Kisha, baada ya nukta, huulizwa chombo chenyewe: sifuri ni meli ya biashara, 1 ni meli ya abiria, 2 ni chombo cha uvuvi, 3 ni chombo kingine chenye mashine, 4 ni cha tanga, 5 ni mtumbwi, na kuendelea hadi 9, ambayo ni ya chombo kisichoelezwa.

Tumchukue basi karani mwenye bidii, aketi na kitabu hicho Vitshumbi. Chombo cha kwao huitwa mtumbwi, au pirogi, na kwa jina angekiandika 5. Lakini si gogo lililochongwa, ni mbao zilizoungwa, na nyuma kimefungwa mashine, kwa hiyo huenda akaandika 3. Tena kazi yake ni kuvua, na hapo 2 ndiyo ya haki. Kila namba ina hatima yake. Akiandika 5, atakayeisoma Geneva au Kinshasa ataona mtu na kafi, pengine mtu wa matembezi. Akiandika 2, ataona mfanyakazi aliyekufa kazini, na kifo cha kazini kina wa kuulizwa, kina mwenye chombo, kina ushirika, kina serikali iliyotoza ushuru wa samaki wake. Mimi ningemshauri aandike 2, hata kama usiku ule nyavu zilikuwa hazijatupwa. Na kama aliyepindua chombo ni kiboko? Kitabu kina W55 kwa aliyeumwa au kugongwa na mnyama, lakini aliyekufa hakuguswa na mnyama, aliguswa na maji, na chombo chake kilipinduka. Naona V90 ndiyo yake. Na kama chombo kilipinduka watu wakikimbia risasi, kama ilivyowahi kuwa katika mwambao huu wa makundi ya silaha na vikosi vya majini vya nchi mbili, na kama ilivyokaribia kila mlango mwezi wa Machi 2024 vita vya waasi wa M23 vilipofika Vitshumbi? Ipo Y36, ya shughuli za vita. Ziwa moja, usiku mmoja, na marehemu walioonekana sawa ufukoni watakwenda katika kurasa tofauti.

Haya yote yangekuwa na maana kama karani huyo angekuwapo. Hayuko, na sababu ya kutokuwapo kwake haimo katika uvivu wa mtu. Daftari la zahanati ni daftari la wagonjwa. Anayeandikwa humo ni yule aliyefika akiwa na pumzi. Mgonjwa wa kipindupindu hufika, hata akiwa amebebwa, na maradhi yake yana namba ya kwanza kabisa katika kitabu chote, A00, ukurasa wa kwanza wa sura ya kwanza. Muuguzi hawezi kuikosa hata akitaka. Tena serikali na mashirika huiogopa, na hofu hiyo ina historia: Julai 1994, wakimbizi kutoka Rwanda walipomiminika Goma wakanywa maji ya Ziwa Kivu, makumi ya maelfu walikufa katika majuma machache kwa maradhi hayo na ya kuhara damu. Kwa hiyo aliyekufa Vitshumbi kwa kuyanywa maji ya ziwa hupanda katika taarifa ya juma, kutoka zahanati hadi eneo la afya, hadi jimbo, hadi Kinshasa na Geneva. Na aliyekufa kwa kunywewa na ziwa lile lile hukomea kwenye matanga. Hao ndio wawili ambao hadithi iliwaweka mstari mmoja.

Mfa maji hafiki zahanatini. Akionekana baada ya siku mbili au tatu, maji yamekwisha kumbadili na joto halina subira, huzikwa haraka karibu na alipookotwa, na hakuna daktari wa kumtazama. Asipoonekana, hana hata maiti ya kuandikiwa hati. Wanachuoni wetu wa fiqhi walimtambua mtu huyu tangu zamani, wakamwita *mafqudi*, aliyepotea asijulikane yu hai au amekufa, wakaandika milango mizima juu ya mkewe atangoja kiasi gani na mali yake itagawanywa lini, na sheria za nchi nazo hutaka hakimu atamke ndipo kifo kiwe kifo. Mjane wa mvuvi wa Vitshumbi, aliye mbali na mahakama kwa masafa na kwa gharama, hungoja pasipo mlango wa kitabu wala hukumu ya hakimu. Na watoto wake hukua wakiwa ni watoto wa mtu ambaye katika karatasi za jamhuri hajafa.

Na hata pale namba ilipoandikwa, ilipotea njiani kwa namna nyingine, na hili lilinisikitisha nilipolijua. Shirika la Afya Duniani lilipotoa ripoti yake kuu ya kwanza juu ya kufa maji, mwaka wa 2014, lilikisia kwamba duniani hufa hivyo watu 372,000 kwa mwaka. Lakini ripoti yenyewe ilikiri kwamba hesabu hiyo haikuwatia waliokufa katika ajali za vyombo vya majini wala katika mafuriko, kwa sababu misimbo yao imo katika mafungu mengine ya kitabu, vyombo vikiwa pamoja na magari na treni katika fungu la usafiri. Uangalifu uleule uliomtenga mvuvi na mtu wa kisimani ili ajulikane zaidi ukawa ndio uliomwacha nje ya jumla. Katika nchi ambako watu huzama wakiogelea, kosa hilo ni dogo. Katika nchi za maziwa makuu ni kosa la kuwaacha karibu wote.

Sisemi karibu wote kwa kukisia. Jirani zetu wa Uganda, ambao nao wana sehemu yao ya Ziwa Edward, waliwahi kufanya kazi ya uvumilivu mkubwa katika wilaya 14, wakikusanya habari za waliozama tangu Januari 2016 hadi Juni 2018 kutoka polisi, vyumba vya maiti, magazeti, na vinywa vya watu wa vijijini. Katika wilaya za ukingoni mwa maziwa, kati ya marehemu ambao ilijulikana walikuwa wakifanya nini walipozama, asilimia 81 walikuwa chomboni. Na kati ya taarifa zote za vifo, asilimia 81 vile vile zilipatikana mahali pamoja tu, maana yake polisi walikuwa na wao, chumba cha maiti kilikuwa na wake, kijiji kilikuwa na wake, na daftari hizo hazikuwa zikijuana. Mtu angeifuata moja peke yake, hata kwa uaminifu wote, angewakosa wengi.

Vyombo vikubwa vikizama dunia husikia, na hata hapo hesabu huyumba. Tarehe 21 Mei 1996 MV Bukoba ilizama ikikaribia Mwanza, na idadi ya waliokufa yasemwa hivi na hivi mpaka leo kwa kuwa orodha ya abiria haikuwa na watu wote waliopanda. Tarehe 3 Oktoba 2024 chombo kiitwacho Merdi, kikitoka Minova, kilipinduka mbele ya macho ya watu waliosimama bandarini Kituku, Goma, mita chache kabla ya kufika. Gavana wa Kivu Kusini alitaja watu 78 siku ile ile, na hesabu zilizotangazwa na wengine baadaye hazikuafikiana na yake. Ikiwa mchana mweupe, mjini, palipo na kamera na maofisa, watu walioona kwa macho hawakuafikiana, mtumbwi wenye watu watatu au wanne uliozama saa nane za usiku mbele ya Vitshumbi una nani wa kuuhesabia?

Yuko, na naamini yuko tangu zamani. Kila mtumbwi unaotoka una mwenyewe, ana majina ya vijana aliowapa nyavu. Kila kijana ana mama au mke anayeshuka ufukoni na beseni kabla ya jua, anayejua chombo chake kwa rangi na kwa mlio wa mashine, na ambaye ifikapo saa mbili na ziwa likiwa tupu amekwisha kujua. Wanawake wa London waliokwenda nyumba hadi nyumba hawakujua zaidi ya hapo, na kwa ushahidi wao elimu nzima ilijengwa. Siku hizi njia hiyo ya kuuliza wafiwa imerudi na kusimikwa rasmi. Shirika la Afya Duniani limeitungia maswali yaliyopangwa, ambayo mtu asiye mganga anaweza kuyauliza kwa utaratibu na huruma, na Tanzania iliitumia tangu miaka ya 1990 katika Dar es Salaam, Morogoro na Hai, katika nyumba ambazo hazikuwahi kumwona daktari kabla ya msiba.

Hati ya kimataifa ya sababu ya kifo, ambayo umbo lake lilikubaliwa pamoja na kitabu cha mwaka wa 1948, ni karatasi moja. Sehemu yake ya kwanza ina mistari iliyopangwa kushuka, na desturi ni kuandika juu kile kilichomwua mtu mwishoni na kuteremka hatua kwa hatua hadi kilichoanza. Mgonjwa wa miaka mingi huweza kuijaza yote. Mvuvi wa Vitshumbi angehitaji miwili: mstari wa juu, kukosa pumzi kwa kuzama majini, mstari wa chini yake, chombo cha uvuvi kupinduka ziwani usiku kwa upepo, V90.2, na pembeni, mahali pa jina, jina lake alilopewa na baba yake, na mahali pa kazi, *mvuvi*.